Mkono Ambao Jaji Devane Hakunipa

Tarehe 31 Julai mwaka huu Jaji Attracta Devane anatimiza miaka sabini, na kwa amri ya sheria anatoka kitini. Atakuwa ameitumikia sheria miaka arobaini na sita: kumi na mitatu akiwa wakili, kumi na mitano akiwa mbunge, na kumi na saba akiwa jaji wa Mzunguko wetu wa Magharibi, ile mahakama inayozunguka mji hadi mji. Umebaki mwaka mmoja hapo katikati, ambao mwenyewe alisema anapumzika. Mimi sikumwona akipumzika.

Mhariri wa jarida hili ameniomba niuandike wasifu wake kwa kuwa tuliapishwa uwakili siku moja. Aliniambia, “Andika kwa furaha, Dympna, na usituletee maneno yako.” Nitajitahidi kuhusu furaha. Kuhusu maneno, msomaji ajue mapema kwamba mwandishi wa wasifu huu ana wivu. Sikuuanza jana wala sina mpango wa kuuacha leo. Kila mlango niliobisha mimi katika kazi hii, Attracta alikuwa ameshaingia na kukaa. Lakini mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni, nami nimekuja kumpa yake.

Wengine huanza na shule aliyosoma mtu. Mimi naanza na wigi, lile wakili analovaa mahakamani, kwa sababu ndiko maumivu yalikoanzia.

Wigi langu lilikuwa jipya, jeupe pe kama unga wa ngano, na mama yangu aliuza ndama wawili ili linunuliwe. La Attracta alilirithi kwa babu mdogo wake aliyekuwa wakili, na lilikuwa la manjano kama meno ya mvuta kiko. Sehemu nyingine duniani kitu kipya ni fahari. Kwetu sisi wigi jeupe ni tangazo: huyu hajui kitu, mkimbieni. Wakulima wa mji wetu wa Carrowmoyle walikuwa wakichungulia mlangoni mwa mahakama, wakituona wasichana wawili tumesimama, wanawaambia washauri wao wa sheria, “Nipatie yule mwenye wigi la siku nyingi.” Wasichana tulikuwa wawili tu katika mzunguko mzima, na mwenye wigi la siku nyingi alikuwa yeye.

Nikaamua kulizeesha langu. Tulikuwa tumepanga chumba kimoja kwa Bi Kilbane, mjane aliyetulisha uji wa shayiri asubuhi na mkate wa magadi jioni, na jikoni mwake kulikuwa na birika la chai halikauki. Nikaliloweka wigi katika beseni zima la chai hiyo. Attracta alikuwa kitandani anasoma, akainua macho.

“Dympna, chai hiyo ina maziwa?”

“Hayakuhusu.”

Yalimhusu. Siku ya nne jaji wa wakati ule, mzee mwenye pua ndefu, alisimamisha shauri katikati na kunusa hewa. “Kuna mtu ameniletea mtindi humu mahakamani?” Nilitamani ardhi ipasuke. Kabla haijapasuka, Attracta akasimama. “Ni mimi, Mheshimiwa. Chupa ya maziwa imemwagika kwenye mkoba wangu. Naomba radhi.” Mahakama nzima ikacheka, na kuanzia hapo kila mtu akampenda. Lo! Hata aibu yangu mwenyewe, akaichukua yeye akapata nayo sifa.

Kwa wasomaji vijana nieleze pia jinsi tulivyojifunza desturi ya mikono, maana siku hizi inafundishwa kwa maandishi. Siku yetu ya kwanza katika chumba cha mawakili nilimwendea Mzee Festus Moran, ambaye hata enzi zile alikuwa mkongwe wa mzunguko, nikamnyoshea mkono kama nilivyolelewa. Vichwa vyote vikageuka.

“Binti, teremsha mkono huo,” akasema. “Wakili hampi wakili mkono. Wanaopeana mikono ni wageni, waonyeshane kwamba hawakuficha kisu. Ukishavaa joho hili huna mgeni humu ndani. Faini yako ni chupa moja ya divai, uilete kwenye chakula cha Alhamisi.”

Attracta alikuwa nyuma yangu, na mkono wake ulikuwa umefika nusu ya njia. Akautia mfukoni taratibu kana kwamba alikuwa anatafuta leso. Hakutozwa chochote. Basi maisha yetu yakawa hivyo, mimi nakanyaga shimo, yeye analiruka.

Uwakili wake ulikuwa mzuri, na naandika neno hilo nikiwa nimeuma meno. Hakupiga kelele. Alijua jambo ambalo mimi lilinichukua miaka kulijua, nalo ni kukaa chini. Katika shauri letu la kwanza uso kwa uso nilimtetea Pakie Gaughan, mfugaji wa kondoo, aliyeshtakiwa na jirani kwa kumkatia uzio. Attracta alikuwa upande wa jirani. Nilimhoji shahidi wao nikamkausha. Asubuhi ile kulikuwa na ukungu? Ndiyo. Mzito? Mzito mno. Miwani yake ilikuwa wapi? Nyumbani. Alisimama umbali gani? Shamba zima. Hapo shauri lilikuwa langu. Nikatupa jicho kwa Attracta, nikamwona anatikisa kichwa kidogo, kama anayeniambia basi, kaa. Nikasema moyoni, amebanwa, anaogopa. Nikauliza tena.

“Sasa bwana, kama hukuona kitu, ulimtambuaje mteja wangu?”

“Kwa kuimba, mama wakili. Pakie huimba akiwa kazini. Mimi sijapata kusikia binadamu wala punda mwenye sauti ile.”

Hata Pakie alikubali kwa kichwa. Tukashindwa. Mpaka leo Pakie amebaki mteja wangu, na sababu yake haijui hata mkewe.

Mwaka 1992 Attracta aligombea ubunge. Kwetu, mtu anayetaka kura hafanyi kingine ila kushika mikono. Hushika sokoni, kanisani, mnadani, na zaidi ya kote msibani, ambako yeye hupanga foleni na kumwambia kila mfiwa pole. Baada ya wiki tatu mgombea hajitambui tena, na inasemekana Attracta aliishika hata mikono ya sanamu ya mtakatifu iliyo nje ya benki. Hilo mimi sikuliona, ila naliamini.

Ninaloshuhudia ni hili. Siku ya soko aliingia katika chumba cha mawakili ametota mvua, mkono wa kulia mbele, akili ameiacha barabarani. Akamshika wa kwanza mlangoni, “Habari yako, naomba kura yako.” Akamshika wa pili, wa tatu. Watu walikuwa wameduwaa. Mzee Festus aliyekuwa pembeni mwa moto alikuwa akifurahi kama mtoto, “Chupa! Nyingine! Huyo naye chupa!” Attracta haoni wala hasikii, anakuja tu, mkono kwa mkono, hadi akanifikia mimi, niliyekuwa wa mwisho dirishani.

Akasimama. Akanitazama. Mikono yote miwili ikaenda nyuma ya mgongo.

“Ah, kumbe ni wewe,” akasema, akaenda kuinjika birika.

Mimi nakaa ng'ambo ya mto Owenroe, na ng'ambo ya Owenroe ni jimbo jingine. Sikuwa na kura ya kumpa. Nikasema, aha, sawa mama, nimeelewa, asiye na kura hapewi hata mkono. Chumba kizima kimeshikwa, hata yule kijana wa Galway ambaye hakuna aliyempenda, nikaachwa mimi niliyelala naye chumba kimoja miaka miwili. Kiliniingia moyoni, na huko ndiko kilikokaa.

Alishinda, bila shaka. Kazi yake bungeni inajulikana. Ni yeye aliyeisukuma sheria ya njia za mashambani, iliyowapa wakulima haki ya kupita katika mashamba ya wenzao kwenda machimboni mwa mboji, ule udongo tunaoukausha na kuuchoma kama kuni, na wengi humu tumesomesha watoto kwa ugomvi uliotokana nayo. Alipigania mashauri ya ndoa yasikilizwe faraghani, watu wasiachane mbele ya majirani. Na mwaka wake wa kwanza tu alipata choo cha wanawake katika mahakama ya Carrowmoyle. Nilikuwa nimekiomba choo hicho tangu tulipoapishwa, nikiandika kila mwaka na kujibiwa kwamba jambo linashughulikiwa. Yeye aliinuka bungeni mara moja, akasema maneno mawili, mafundi wakaja. Pana kibao cha shaba chenye jina lake juu ya mlango wa choo. Mwenye akili hawezi kuonea wivu kibao cha chooni. Mimi nakionea.

Mama yangu alifariki Attracta akiwa mbunge bado. Walikuja watu wa pande zote mbili za mto, na foleni ya kutoa pole ilianzia sebuleni ikatoka hadi barabarani. Nilishikwa mkono hadi vidole vikafa ganzi. Wabunge wawili wa jimbo langu, maana kwetu jimbo moja huwa na wabunge kadhaa, walikuja, wakanishika, wakaondoka. Attracta, bingwa wa misiba, ambaye alikuwa akiendesha gari hadi visiwani kumpa pole mtu asiyemjua jina, hakuonekana katika foleni. Nilimtafuta kwa macho siku nzima. Jioni nikaingia jikoni kunywa maji, nikamkuta amekunja mikono ya sweta mpaka viwikoni, anaosha vikombe.

“Umefika saa ngapi?” nikamuuliza.

“Mapema. Kitambaa kikavu kiko wapi? Hivi vyote vimelowa.”

Alikaa siku mbili akiosha vyombo na kukata mkate, akalala kwenye kochi. Pole hakunipa, mkono hakunipa. Watu wa ng'ambo ya Owenroe waliliona na wakalisema, na mimi nikaliweka pamoja na lile la dirishani.

Mwaka 2008 kiti cha jaji wa mzunguko kikawa wazi. Nitasema kwa ufupi kwa sababu bado panauma. Niliomba. Sifa nilikuwa nazo, na miaka yangu yote nilikuwa nimeitumia mahakamani wakati mwenzangu akipiga soga bungeni. Joho la ujaji nilishalipima kwenye kioo cha fikra, likanikaa. Attracta naye akaomba, na kwa kuwa mwenye nacho huongezewa, akapewa. Niliisikia habari redioni nikipaka siagi mkate, nikaendelea kupaka hadi kisu kikagusa sahani.

Kuanzia hapo ikabidi kila asubuhi nimwinamie. Huyo huyo niliyemsikia akikoroma. “Mheshimiwa Jaji, ikikupendeza.” Haikumpendeza mara nyingi. Lakini tuseme ukweli, tulipata jaji. Alisoma majalada yote kabla hajakaa. Mjane aliyekuja bila wakili alimpa muda uleule aliompa mwenye mawakili watatu. Waongo walimwogopa, maana aliwaacha waseme hadi wachoke wenyewe. Baridi ikizidi alisimamisha shauri watu wakanywe chai, na mawakili wa Dublin walipolalamika aliwaambia, “Haki haigandi kwa robo saa. Miguu ya shahidi inaganda.”

Nilimshinda mara moja. Naomba nafasi ya kuisimulia polepole.

Lilikuwa shauri la njia ya shambani, chini ya sheria yake mwenyewe. Kifungu cha saba kimeandikwa vibaya, na hili kila anayefanya kazi hii analijua. Alikisoma kwa sauti kutoka kitini, akakunja uso, akakisoma tena. “Aliyekiandika kifungu hiki alikuwa na haraka,” akasema.

Nikasimama. “Namfahamu, Mheshimiwa.”

Kicheko kilichopasuka pale, karani alilazimika kupiga meza. Attracta alisubiri kitulie. “Na mimi namfahamu, Bi Gillooly. Na hakukusudia hayo unayoyasema wewe.” Akatupa dai langu.

Ebo! Jaji anafasiri maandishi yaliyo mbele yake, si kumbukumbu za kichwani mwake alipokuwa mbunge. Nikakata rufaa, na Mahakama ya juu ikakubaliana nami kwa kila neno. Niliporudi Carrowmoyle nilikuta chupa ya divai mezani pangu, na karatasi yenye mwandiko wake: “Safari hii ulikaa chini kwa wakati.” Divai niliinywa. Karatasi ninayo.

Sasa nifike Ijumaa iliyopita, siku aliyokaa kitini kwa mara ya mwisho. Shauri la mwisho kusikilizwa lilikuwa langu, mteja Pakie Gaughan, adui yuleyule, uzio uleule. Tulishindwa. Tuendelee.

Baada ya hotuba, Mzee Festus alisimama. Ana miaka tisini na ushee na anatembelea fimbo mbili, ila sauti bado ni ileile. Akatangaza kwamba Jaji Devane akishavua joho atakuwa raia kama raia wengine, si jaji wala wakili, na kwa hiyo kila mtu, mawakili pamoja, yuko huru kumpa mkono bila kutozwa kitu.

Wacha watu wajipange! Foleni ilitoka mlangoni, ikateremka ngazi, ikafika karibu na duka la nyama. Mawakili, makarani, maaskari, wakulima, watawa wawili, na mtu aliyewahi kufungwa na Attracta kwa wizi wa ng'ombe, ambaye alimshukuru kwa kuwa gerezani alijifunza useremala. Mimi nilijiweka wa mwisho makusudi. Nilikuwa nimengoja tangu siku ile ya dirishani, robo saa zaidi isingeniua. Nilifuta kiganja kwenye joho. Nikasema, leo ni leo, hana kura ya kuomba, hana msiba wa kukimbilia jikoni, leo atanipa mkono huyu mwanamke kama anavyowapa watu, na tutakuwa sawa.

Pakie alikuwa mbele yangu. “Mama Jaji,” akamwambia huku akimtikisa mkono kama pampu ya maji, “umenishinda maisha yangu yote. Mungu akupe afya, na uzio nitaukata tena.”

“Kata kimya kimya, Pakie,” Attracta akamjibu. “Usiimbe.”

Ikafika zamu yangu. Nikanyosha mkono.

Attracta akanitazama, na mikono yake miwili ikaenda nyuma ya mgongo.

Hapo, wasomaji, uvumilivu ukanishinda, na nilichokisema walikisikia hadi kwa muuza nyama. “Attracta Devane, nimekukosea nini mimi? Umeshika mkono wa kila kiumbe katika mkoa huu. Umeushika wa mwizi wa ng'ombe! Wakati wa uchaguzi ulinipita. Kwenye msiba wa mama yangu, ukanipita. Leo umestaafu, huna hata joho, na bado unanipita?”

Hakucheka. Kwanza alionekana kushangaa kweli, kama shahidi aliyeulizwa jina lake.

“Mkono nawapa wageni, Dympna,” akasema. “Tangu lini wewe umekuwa mgeni wangu?”

Mimi, ambaye sijawahi kukosa la kusema mbele ya jaji yeyote, nilisimama na mkono wangu hewani, na machozi yakanitoka, nayasema hapa kabla hamjayasikia kwa mwingine. Ndipo Mzee Festus akagonga sakafu kwa fimbo.

“Kwa hawa wengine amestaafu,” akasema. “Kwako wewe, Gillooly, bado ni wakili mwenzako. Teremsha mkono huo. Chupa moja!”

Attracta akanitwika mkoba wake, akasema ni mzito na mgongo unamuuma, akatangulia kwenda kwenye gari. Niliubeba. Alitangulia, kama kawaida yake, na mimi nikamfuata nikimsema njia nzima.

Kwa niaba ya mawakili, makarani na watu wote wa Mzunguko wa Magharibi, ahsante, Attracta, kwa miaka arobaini na sita ya kazi safi. Ahsante kwa sheria ya njia, pamoja na kifungu cha saba. Ahsante kwa choo. Tunakuombea viazi vyako visipatwe na ukungu, mgongo wako upone, na asubuhi zako ziwe ndefu, zisizo na kengele ya mahakama wala mtu wa kukwambia “Mheshimiwa.” Chupa ya Mzee Festus nitaileta kwako Jumapili, tuinywe sisi watatu, na vikombe utaosha wewe.

Na ninyi nyote mliopanga foleni ile hadi duka la nyama, mkapewa mkono wa Jaji Devane, hongereni sana. Mimi sikupewa. Oneni wivu.

Dympna Gillooly, Wakili
Carrowmoyle